Mizunguko Minne ya Kubandika

Karatasi ya mahakama ilimkuta Gokul Namdev dukani akiwa amekula nusu ya kachori. Nusu iliyobaki hakuigusa tena. Aliisoma ile karatasi mara ya kwanza akiwa amekaa, mara ya pili amesimama, mara ya tatu yuko nje mlangoni. Mkewe Kesar, aliyekuwa akifagia ngazi, akamwuliza kama kuna mtu amekufa.

"Afadhali angekufa mtu," Gokul akasema. "Naitwa shahidi. Kesi ya Pushplata."

"Pushplata yupi? Binti wa marehemu Bhagwandas Sahu, wa kinu cha mafuta?"

"Huyo huyo. Anaachana na Devkinandan."

"Sasa wewe kuachana kwao kunakuhusu nini? Wewe si mpiga picha tu?"

Gokul aliingia ndani, akatoka, akahamisha kiti kutoka upande huu wa meza kwenda upande ule, kisha akakirudisha. Kesar akauegemeza ufagio ukutani. Miaka ishirini na minne ya ndoa ilikuwa imemfundisha kwamba mumewe akianza kuhamisha viti, kuna jambo.

"Baba Rajni, umefanya nini?"

"Sijafanya kitu."

"Haya. Usiponiambia mimi, utamwambia hakimu."

Na kweli kulikuwa na jambo, tena nitalisema mapema maana mimi sipendi kumficha mtu kitu halafu nimtolee kama mchezo wa kiini macho. Katika mji wa Sagar, Gokul alikuwa ndiye harusi yenyewe. Baba yake alikuwa fundi cherehani, babu yake vilevile, ukoo mzima wa kina Namdev umekunja migongo juu ya vitambaa, lakini yeye sindano aliikataa katakata. Alipokuwa kijana wa miaka ishirini na mbili alinunua kamera kuukuu ya mkanda, kubwa, ya kubeba begani, na tangu hapo harusi ya mtu mwenye heshima zake haikuanza mpaka Gokul awashe taa. Alijua kumbembeleza shangazi aliyenuna. Alijua kumwambia bibi harusi ainue uso kidogo, si sana, watu wasije wakasema hana haya. Akimaliza kupiga, alijifungia na mashine zake, akakata, akaunga, akafuta sauti zote na kuweka nyimbo za sinema. Nani anataka kukaa saa tatu akimsikiliza pandit, kuhani wetu, anasoma Kisanskriti? Watu walilia kwa zile nyimbo. Walimwita fundi mkuu, naye kichwa kikamvimba.

Ndoa zetu hufungwa mbele ya moto, usiku kuelekea alfajiri. Bwana na bibi wanafungwa shuka kwa shuka, wanauzunguka moto mara saba, na ile ya saba ikikamilika basi, wameoana. Sheria ya serikali ya ndoa za Wahindu nayo imeandika hivyo hivyo: hatua ya saba ndiyo inayotimiza. Katika harusi ya Pushplata na Devkinandan, Mei ya mwaka tisini na nane, Gokul aliona mizunguko mitatu kwa macho yake. Minne iliyobaki hakuiona. Alikuwa amevutwa shati na baba wa bwana harusi, mzee Harprasad, kwenda nyuma ya ua kupiga picha lori lililokuwa linasubiri kupakia mizigo ya binti: friji, kabati la chuma, kitanda, skuta, vyombo. Wiki mbili baadaye Harprasad huyo huyo akaja dukani na kusema kile kipande cha lori akitoe, asikionyeshe popote. Sheria imeshakataza upande wa bwana kudai mizigo. Kila mtu anadai na kila mtu anatoa, ila kwenye filamu hakuna anayetaka ionekane. Gokul akakitoa. Akabakiwa na mizunguko mitatu na shimo.

Basi akaunakili ule wa tatu mara nne, akaubandika, akaweka wimbo juu yake. Mizunguko saba, safi kabisa. Hakuna aliyejua kwa miaka kumi na mitatu.

Aliyegundua ni wakili wa Devkinandan, bwana mmoja aitwaye Shrivastava, mwenye sauti tamu na macho ya paka. Devkinandan alikuwa amempata mwanamke mwingine kule Bhopal, akamfukuza Pushplata na binti yao, Mitali, wakaenda kukaa kwa kaka yake Pushplata. Pushplata akafungua kesi: anataka talaka, anataka fidia na matunzo, na anataka mali yake aliyotoka nayo kwa baba yake. Devkinandan akajibu kwamba Pushplata alikuja na sari tatu na sanduku la bati. Halafu Shrivastava akaja na jibu kubwa zaidi. Fidia ya nini, akauliza, kwani ndoa ilikuwepo? Akaomba filamu ya harusi ichezwe mahakamani. Katika mzunguko wa tatu kulikuwa na mzee mwenye kilemba chekundu, amekaa nyuma ya moto, anapiga miayo. Katika wa nne akapiga miayo ileile. Wa tano, ileile. Ilipofika wa saba, mzee anaachama kwa mara ya tano na nzi yuleyule anamtua puani, chumba kizima kikacheka, hata karani.

Pushplata hakucheka. Pandit aliyewaoza alikwisha kufa, baba yake alikwisha kufa, na mashahidi waliobaki wote ni ndugu, wakili akawapangusa mmoja mmoja: huyu kaka yako, huyu shangazi yako, wataacha kusema saba? Akabaki mtu mmoja wa nje aliyekuwepo siku ile akiwa macho, na amebeba kamera.

Mambo hayafichiki Sagar. Wiki hiyohiyo, kwenye bomba la maji, mama mmoja alimwambia Mitali kwamba mama yake alikuwa amewekwa tu kinyumba. Mtoto wa miaka kumi na moja. Alirudi nyumbani akauliza kinyumba ni nini.

Pushplata alikuja dukani siku ya tatu baada ya karatasi, saa nne asubuhi, akakataa chai.

"Kaka Gokul, sikai. Nataka neno moja tu. Ulituona tukizunguka saba?"

Gokul akachukua kitambaa akaanza kufuta lenzi ambayo ilikuwa safi. "Dada, ni siku nyingi zile."

"Nakuuliza mimi. Nilizunguka kwa miguu yangu. Mzunguko wa saba fundo la shuka lilifunguka, shangazi akaja kulifunga, pandit akatutania. Wewe ulikuwa wapi usilione hilo?"

"Nilikuwepo."

"Nitazame usoni basi."

Hakuweza. Alitazama kalenda ya duka la pampu iliyokuwa ukutani nyuma ya mgeni. Pushplata akacheka kidogo, kicheko kikavu.

"Hata wewe. Baba yangu naye alitoka mzunguko wa tatu, hakurudi mpaka mwisho. Nilikuwa natazama huku na huku chini ya ushungi, simwoni. Nikamwuliza baadaye, akasema moshi wa ule moto ulimwingia machoni. Moshi! Mwanao mmoja wa kike anaolewa, unakimbia moshi! Mpaka anaingia kaburini... mpaka tunamchoma, sikulimeza lile neno." Akajifunika sari vizuri kichwani. "Mheshimiwa hakimu anakusubiri tarehe kumi na nane. Useme uliona saba. Ni kweli ilikuwa saba. Huongopi kitu."

Akaondoka. Gokul alitoka nyuma yake akaenda kulizunguka ziwa la mji, kwa miguu, jua la utosi, na kofia hakuvaa. Alipomaliza akaanza tena. Muuza karanga alimpigia kelele, "Fundi, leo umekula nini, mbona huchoki?" naye hakusikia.

Tatizo lake lilikuwa hili, na lilimtafuna. Akisema kweli, kwamba hakuona, atakuwa amewazika Pushplata na mtoto wake wazima wazima. Akisema aliona, atakuwa ameapa uongo mkono juu ya Gita, kitabu kitakatifu, na yule paka Shrivastava atamkamua mpaka atoke damu. Na kila akifikiri, chini kabisa ya hayo, kulikuwa na jambo lingine aliloliona aibu kulifikiri: filamu zingine. Pushplata hakuwa wa kwanza wala wa mwisho. Betri ikiisha, alibandika. Akiitwa kula, alibandika. Kuna harusi moja ya kina Tiwari alilala kwenye kiti baada ya mzunguko wa kwanza akaamka wamekwisha maliza, akabandika sita kutoka huo mmoja.

Halafu Devkinandan naye akaja. Alikuja na pikipiki mpya na boksi la peremende za maziwa, akakaa bila kukaribishwa, mguu juu ya mguu.

"Fundi wangu! Umekonda. Shemeji, humlishi huyu?"

"Anakula vizuri," Kesar akasema kutoka ndani. "Anakosa usingizi kwa ajili ya mambo ya watu."

"Mambo gani? Hakuna mambo. Mimi sikuombi uongo, Fundi, Mungu anisamehe. Sema kweli tu. Ulinakili?"

Gokul akaitazama tena ile kalenda ya pampu.

"Ulinakili. Na uliiona hiyo minne kwa macho yako?"

"Devkinandan, wewe mwenyewe si ulizunguka?"

Devkinandan akatabasamu. Alikuwa na meno mazuri siku zote. "Mimi nilikuwa na homa siku ile, na maua yamenifunika uso. Nitajuaje nimezunguka ngapi? Wewe sema kile tu unachokijua. Nani atamlaumu mtu kwa kusema kweli? Na mwezi wa pili tunamwoza mpwa wangu, siku tatu, watu elfu moja mia mbili. Nimewaambia kwetu, ni Gokul au hakuna." Akalisukuma lile boksi mezani.

Alipoondoka, Kesar alilibeba boksi kwa vidole viwili na kumpa ng'ombe aliyekuwa anapita.

"Peremende za rupia mia tatu!" Gokul akapiga kelele.

"Nimeona bei. Sasa nieleze, maana nimechoka kuishi na mtu anayezunguka nyumbani kutwa. Kulala hulali, kula huli, jana umepiga mswaki kwa krimu yangu ya uso. Umemfanya nini yule binti?"

Akamweleza. Alimweleza akiwa anatembea, kutoka mlangoni mpaka kwenye mtungi, kutoka kwenye mtungi mpaka mlangoni. Kesar alisikiliza mpaka mwisho, hakumkatiza.

"Ule mkanda wa lori uko wapi?"

"Mikanda nilikuwa naitumia tena. Nafuta, napiga juu yake. Umekwisha huo."

"Umekwisha au hujatafuta?"

Kulikuwa na magunia manne darini, chini ya bati. Walipanda asubuhi iliyofuata kabla joto halijakolea, Kesar akiwa amejifunga sari kiunoni. Vumbi, kinyesi cha njiwa, na mikanda mia mbili na kitu yenye maandishi ya Gokul ambayo hata yeye hakuweza kuyasoma. Mingi ilikuwa imeota ukungu mweupe. Kesar alifuta, akasoma, akatupa. Saa tano alipata mmoja ulioandikwa *Sahu, kinu, wa pili*, maandishi yamekatwa mstari, na juu yake *Tiwari, mtoto kunyolewa*.

"Nimekwambia," Gokul akasema. "Nimepiga juu yake."

"Weka tuone."

Mashine ya zamani ilikubali kucheza tu iwapo kuna kitu kizito juu ya kifuniko, kwa hiyo Kesar akaweka pasi ya mkaa. Mtoto wa Tiwari akatokea, analia, kinyozi anamzungusha kichwa. Dakika kumi za kulia. Ishirini. Gokul alikuwa amesimama, amekaa, amesimama, mpaka Kesar akamshika pindo la shati na kumweka chini. Dakika ya thelathini na sita mtoto akakatika, pakapita mistari ya kuwayawaya, na mara pakatokea alfajiri ya kijivu, ua wa nyuma, na ubavu wa lori.

Gokul akasogea kwenye kioo. Ile sauti hakuwahi kuifuta kwenye mkanda huu, aliifuta kwenye ile filamu iliyokatwa na kuungwa tu. Na nyuma ya kelele za wapakiaji, ikitoka kwenye vipaza sauti vilivyofungwa juu ya nguzo za ua mzima, ilikuwa sauti ya pandit. Marehemu Pandit Ramsanehi alikuwa haanzi kazi bila kipaza sauti. Aliipenda sauti yake kuliko chakula.

"Anahesabu," Kesar akasema, amejiziba mdomo kwa pindo la sari. "Sikiliza, Baba Rajni. Anahesabu!"

Walisikiliza mpaka mwisho. Halafu Gokul akaanza kulia, na hapohapo akaanza kujikuna kichwa, maana furaha yake haikudumu hata dakika moja. Mkanda huu ukichezwa mahakamani, mji mzima utajua. Atasimama mbele za watu aseme, mimi Gokul nilikuwa nabandika.

"Umewabandikia wangapi?" Kesar akauliza.

"Wengi."

"Na harusi ya Rajni wetu?"

Gokul alitazama sakafu. "Ya Rajni nilipiga yote saba. Nilifunga betri mbili, na sikuenda kula."

Kesar akaiondoa ile pasi juu ya mashine. "Kwa hiyo ulikuwa unajua," akasema, akateremka kwenda kupika.

Tarehe kumi na nane chumba cha mahakama ya familia kilijaa kuliko siku zote, maana habari ya miayo ilikuwa imetembea na watu walitaka kuonja zaidi. Mzee Harprasad alikuja na fimbo, akakaa nyuma ya mwanawe. Pushplata alikaa na wakili wake, binti mwembamba aitwaye Chaurasia, aliyekuwa ameupokea mkanda siku mbili kabla na kuuwasilisha bila makeke. Pushplata mwenyewe alikuwa hajautazama. Alisema yeye anajua kilichotokea, wautazame wasiojua.

Gokul aliapa. Kabla ya kukigusa kitabu alifuta mikono kwenye shati mara mbili.

"Ni wewe uliyeitengeneza filamu hii?" Shrivastava akauliza, taratibu, kama anamwuliza mgonjwa.

"Ni mimi."

"Mzunguko wa nne, wa tano, wa sita na wa saba. Hebu tuambie, Bwana Namdev, ni kweli uliinakili kutoka wa tatu?"

"Kweli."

Watu wakanung'unika. Mama mmoja nyuma akasema wazi, "Hee! Na yangu je?" Hakimu, mama mwenye miwani iliyofungwa kwa kamba shingoni, akagonga kalamu.

"Kwa hiyo hiyo minne hukuiona kwa macho yako."

"Sikuiona."

Shrivastava akakusanya joho lake akakaa, ameridhika. Devkinandan akaegemea kiti. Pushplata alimtazama Gokul kwa jicho ambalo Gokul hatalisahau, na hapo miguu yake ikataka kumtoa mle ndani yenyewe. Akashika kizuizi cha mbao kwa mikono yote miwili.

"Mheshimiwa," akasema, "hajaniuliza nilikuwa wapi."

Hakimu akainua uso. "Ulikuwa wapi?"

"Kwenye lori, Mheshimiwa. Nilipelekwa na yule mzee pale mwenye fimbo. Mkanda mnao. Na nisameheni wote, maana nimewabandikia wengi humu ndani."

Walileta mashine. Gokul alikuwa amekuja na yake, na pasi yake, na watu wakacheka walipoiona pasi, halafu hawakucheka tena. Alfajiri ya kijivu. Lori. Juu ya kabati la chuma ameketi mjomba wa bibi harusi, miguu inaning'inia, mikono kifuani, kwa sababu kwetu mizigo ya binti haipandi garini kabla ya mzunguko wa saba. Mpaka hapo bado ni mtoto wa baba yake na kabati ni la baba yake. Mzee Harprasad, wakati huo ndevu nyeusi, anamwambia ashuke muda unakwenda. Mjomba anasema, "Mpaka ya saba, Mzee. Usiwe na haraka, hatukimbii nalo." Na juu ya vichwa vyao sauti ya Pandit Ramsanehi inanguruma: "Mzunguko wa nne! Devkinandan mwana wa Harprasad, Pushplata binti wa Bhagwandas!" Friji inaonyeshwa. Skuta inaonyeshwa, Harprasad anapiga honi kuijaribu. Wa tano. Vyombo vinatolewa kwenye kikapu, kimoja kimoja, mtu anasoma orodha. Wa sita. "Wa saba!" Kicheko kwenye kipaza sauti. "Lo, fundo limefunguka! Shangazi, njoo ufunge, huyu bwana asije akatoroka!" Watu wanacheka ua mzima. Kisha kengele, kisha zumari.

Na pale kwenye lori, Harprasad anapiga viganja, uso mzima kicheko, anaitazama kamera.

"Saba! Imekwisha! Sasa ni wetu, yeye na vitu vyake vyote. Shuka hapo, mjomba. Pakieni!"

Mzee Harprasad alikuwa ameitazama ile sura yake ya zamani mdomo wazi, na fimbo ikamteleza ikaanguka. Devkinandan hakumwinamia baba yake kumwokotea. Hakimu akasema, "Rudisha hapo," wakarudisha, na kwa mara ya pili Harprasad akapiga viganja.

Watu wote walikuwa wanamtazama Harprasad. Pushplata peke yake alikuwa amesimama, ameshika ukingo wa meza, na macho yake yalikuwa kwenye pembe ya kushoto ya kioo, mahali ambapo Gokul hakuwahi kupatazama.

Hukumu ilitoka baada ya wiki saba. Ndoa ilikuwepo, ndoa imevunjwa, matunzo yalipwe, na mali iliyoonekana kwenye mkanda irudishwe au ilipwe thamani yake. Mitali alipelekwa na mama yake bombani siku hiyo hiyo, wote wawili wamechana nywele vizuri, ingawa ndoo zao zilikuwa zimejaa.

Gokul naye alilipa yake. Harusi ya yule mpwa ilikwenda kwa mtu mwingine, na nyingine sita baada ya hiyo. Watu wakaanza kumiminika dukani na filamu zao wakitaka kuhesabu. Mume na mke waliokaa pamoja miaka kumi na tisa, wana watoto wanne, walikaa mbele ya mashine wakagombana kama shangazi yule aliye nyuma ya moto alishapita au hajapita. Mwanamume mmoja alikuja peke yake, akakuta mizunguko saba kamili isiyobandikwa, akaondoka kwa huzuni kubwa. Wale aliowabandikia Gokul aliwaomba radhi mmoja mmoja, wengine walimtukana, mke wa Tiwari alimrushia kiatu. Kesar alikiokota na kumrudishia kwa heshima, akamwambia aje tena na cha pili.

Pushplata alikuja mwishoni mwa msimu wa mvua. Safari hii alikaa.

"Kaka Gokul, ule mkanda mahakama wamekurudishia?"

"Umerudi jana."

"Niwekee."

Akaweka pasi. Hakumwuliza anataka wapi, aliuacha ucheze, mpaka Pushplata aliposema, "Hapo. Sogeza macho yako hapa kushoto."

Nyuma ya gurudumu la lori, nusu yake nje ya picha, alikuwa amechuchumaa Bhagwandas na kikapu cha vyombo. Ndiye aliyekuwa akitoa kimoja kimoja wakati orodha inasomwa. Sauti yake ilikuwa chini ya zile nyingine zote, na Gokul alilazimika kuinama ili aisikie. Pandit alikuwa amekwisha kuita wa tano. Bhagwandas aliinuka, akaunganisha viganja mbele ya Harprasad.

"Mzee, imebaki miwili. Niruhusu nikamwone mwanangu."

"Vijiko bado," Harprasad akasema.

Bhagwandas akachuchumaa tena. Pandit akaita wa sita, naye akatoa kijiko, akatoa kijiko. Pandit alipoita wa saba, mkono ulisimama ndani ya kikapu, akageuza uso kuelekea kwenye moto ambao kutoka pale hauonekani, midomo yake ikichezacheza. Kisha akajifuta macho kwa pindo la shuka lake na kuendelea kuhesabu vijiko.

"Moshi," Pushplata akasema.

Gokul alitaka kuinuka akahamishe kiti, lakini safari hii alijizuia akakaa. Kesar alikuwa amesimama mlangoni na glasi tatu za chai, haingii wala hatoki.

Pushplata aliomba kirudishwe. Wakakitazama tena, na tena mara ya tatu. Halafu alijipangusa uso kwa viganja vyote viwili, akainuka, akatengeneza sari yake.

"Ninakilie hicho kipande, Kaka," akasema. "Na usiniwekee wimbo."